Hesabu za jikoni kwa mfalme: nizisomeje ili nipate maisha ya kila siku?

Mtafiti Chipukizi

Wakuu, heshima kwenu. Naandaa utafiti wa maisha ya kila siku katika makasri ya wafalme na majumba ya mabwana wakubwa wa Uingereza, hasa karne ya 16. Siasa na ndoa za wafalme naziacha pembeni. Ninaowatafuta ni yule aliyekoka moto alfajiri, mvulana aliyegeuza nyama, dobi na mbeba maji: walikula nini, walilala wapi, walijisaidia wapi.

Nimeanza na kasri la Hampton Court kwa sababu jengo bado lipo, jikoni za mfalme Henry VIII zipo, na karatasi za makarani zipo. Lakini kila nikifungua karatasi nakwama. Kuna hesabu inayonukuliwa kila mahali ya nyama iliyoliwa na nyumba ya kifalme enzi za Tudor, yaani ukoo wa Henry VIII, kwa mwaka mmoja: ng'ombe 1,240, kondoo 8,200, paa na kulungu 2,330, nguruwe 1,870, ndama 760, nguruwe mwitu 53, pamoja na galoni 600,000 za bia. Nikigawa kondoo kwa siku 365 napata 22 na ushee kwa siku. Je, hivyo ndivyo inavyofanywa? Na baada ya hapo nigawe kwa watu wangapi?

Halafu tarehe. Kanuni za nyumba ya mfalme zilizotungwa kwenye kasri la Eltham, kitabu kimoja kinasema 1525, kingine 1526. Orodha za mali nazo zinanipa vyumba na vitanda vya mabwana, watumishi siwaoni. Kuhusu vyoo na ufuaji, ndiyo kabisa, karatasi zimenyamaza.

Naomba mwongozo kwa yeyote aliyezizoea nyaraka hizi, na makosa ya kuepuka.

---

Karani wa Nyaraka

Karibu sana, ndugu. Kabla hujagawa chochote, uliza karatasi iliandikwa ili kumbana nani. Nyumba ya mfalme ilikuwa na pande mbili. Upande wa juu, yaani vyumba vya mfalme na sherehe zake, ulikuwa chini ya Lord Chamberlain. Upande wa chini, yaani jikoni, mikate, bia, nyama, viungo, kuni, mishumaa na kufua, ulikuwa chini ya Lord Steward. Hesabu za huku chini zilikaguliwa na maofisa walioketi kwenye meza iliyotandikwa kitambaa cha kijani, ndiyo maana baraza lao likaitwa Board of Green Cloth. Kazi yao ilikuwa kuzuia mali isivuje. Kwa hiyo kitu kilichonunuliwa kwa fedha kimeandikwa mpaka cha peni moja, na kitu kilichopatikana bure hakimo: maji, majivu, mifupa, kazi ya mtoto aliyelipwa kwa mabaki ya chakula. Ukimya wa karatasi una maana moja tu, kwamba pale hapakuwa na risiti.

Kwenye hifadhi ya taifa iliyoko Kew, mafungu yanayoanza na LS ni ya Lord Steward, ya LC ni ya Lord Chamberlain, na hesabu nyingi za zamani zaidi zimo katika E 101, nyaraka za Hazina. Ukitafuta mishumaa ndani ya LC pekee utadhani kasri lilikaa gizani.

Sasa tarehe, maana hapo ndipo wengi huangukia. Mwaka wa Kiingereza hadi 1752 ulianza 25 Machi, haukuanza 1 Januari. Siku za Januari, Februari na sehemu kubwa ya Machi zilihesabiwa bado ni za mwaka uliopita. Kanuni za Eltham ni za Januari, mwaka wa 17 wa Henry VIII. Henry alianza kutawala 22 Aprili 1509, basi mwaka wake wa 17 ni kuanzia 22 Aprili 1525 hadi 21 Aprili 1526. Januari iliyo humo ni moja tu: kwa kalenda yetu ni Januari 1526, kwa karani wa wakati ule ilikuwa bado 1525. Vitabu vyako vyote viwili viko sawa, ila kimoja hakikubadilisha. Weka safu mbili kwenye jedwali lako, tarehe kama ilivyoandikwa na tarehe ya leo, wala usifute ya kwanza. Ukilinganisha na barua za Ufaransa baada ya 1582 ongeza tahadhari, kwa sababu Wafaransa walihamia kalenda mpya Desemba mwaka huo, nao Waingereza wakabaki nyuma kwa siku 10 katika karne ya 16 na 17, kisha 11 kuanzia 1700.

Mwaka wa hesabu nao ni mwingine. Kwa kawaida ulikwenda kutoka mwisho wa Septemba hadi mwisho wa Septemba, kwa kufuata Sikukuu ya Malaika Mikaeli. Mishahara ilifuata robo nne: 29 Septemba, 25 Desemba, 25 Machi na 24 Juni. Mtumishi akionekana kwenye robo mbili pekee, usiseme alifukuzwa. Tazama kwanza kama daftari la robo nyingine limesalia.

Tarakimu ni za Kirumi, na i ya mwisho huandikwa j, hivyo xiij ni 13. Ukiona iiij na xx ndogo juu yake, ni ishirini nne, yaani 80. Herufi C ina mtego zaidi. Inaweza kuwa 100 ya kawaida, 120 kwa samaki na vitu vingine vinavyohesabiwa, au ratili 112 kwa vitu vinavyopimwa kwa uzito. Fedha: pauni ni shilingi 20, shilingi ni peni 12. Marki haikuwa sarafu ya kushika mkononi, ilikuwa kipimo cha hesabu tu: peni 160, yaani shilingi 13 na peni 4.

Njia ya kujikagua ni hii. Nakili mstari kama ulivyo, na makosa yake ya tahajia. Pembeni andika tafsiri yako ya tarakimu. Kisha jumlisha ukurasa mzima na ulinganishe na jumla aliyoiweka karani chini. Zikipishana kwa 10, kuna x uliyoiruka. Zikipishana kwa 1, ni i au j. Zikipishana kwa 20, rudi kwenye vitu vinavyohesabiwa kwa C. Makarani nao walikosea, lakini mara nyingi zaidi anayekosea ni msomaji, kwa hiyo mshuku karani mwisho kabisa.

---

Jiko la Kale

Nachukua swali la nyama.

Kugawa kwa 365 si sahihi, kwa sababu siku za nyama hazikuwa 365. Ijumaa na Jumamosi zilikuwa siku za samaki, hizo peke yake ni 104. Kwaresima ni siku 46 ukihesabu na Jumapili zake, na kati ya hizo 14 ni Ijumaa na Jumamosi ulizokwisha kuzihesabu, zinabaki 32. Ongeza mikesha ya sikukuu na siku nyingine za mfungo, unavuka 140 bila shida. Zinabaki kama 220 za nyama. Kondoo 8,200 kwa 220 ni 37 kwa siku, siyo 22. Tofauti hiyo si ndogo: ni tofauti ya idadi ya vijiti vya chuma vya kubanikia, mikono ya kuvigeuza, na kuni. Ukijenga picha ya jiko juu ya 22 utashangaa kwa nini Henry alihitaji vyumba vingi namna ile. Na angalia mwaka wa daftari lako, kwa sababu mwaka 1563, enzi za Elizabeth I, sheria iliongeza Jumatano kuwa siku ya samaki. Safari hiyo haikuwa kwa ajili ya dini. Serikali ilitaka wavuvi, ili ipate mabaharia.

Bia ndiyo inayogawanyika kwa 365, maana ilinywewa siku zote. Galoni 600,000 ni kama 1,640 kwa siku. Posho ya kawaida ya mtu mmoja inayotajwa ni galoni moja kwa siku, hivyo unapata nyumba yenye watu elfu moja na mia kadhaa, ukitoa iliyomwagika na iliyochacha. Usishtuke na kusema wote walikuwa walevi. Sehemu kubwa ilikuwa bia nyepesi, iliyokamuliwa kwenye kimea kilichokwisha kutumika. Na galoni ya bia ilikuwa kubwa kuliko ya mvinyo: ile karibu lita 4.6, hii karibu lita 3.8. Ukiziweka kwenye safu moja ya jedwali utakuwa umepotosha kila kitu kinachofuata.

Kuhusu watu wa kugawia, usigawe sawa kwa sawa. Ukumbini Hampton Court waliostahili kula walikuwa kama 600, kwa zamu mbili, mara mbili kwa siku. Kanuni za Eltham zinaweka chakula cha kwanza saa 4 asubuhi na cha pili saa 10 jioni kwa siku za kazi. Hawa walikula kwa kile makarani wanachokiita messe, na msomaji wa Kiswahili anakielewa upesi kuliko wengi: ni kula sinia moja. Sinia moja watu wanne. Karani akiandika messe 30, zidisha kwa 4, unapata watu 120. Lakini kadiri cheo kinavyopanda ndivyo wanaoshiriki sinia wanavyopungua, mpaka bwana mkubwa anawekewa peke yake chakula kinachotosha watu wengi. Hakuweza kukimaliza. Kilishuka kwa watumishi wake, na mabaki ya mwisho yalitakiwa kukusanywa na kupelekwa kwa maskini langoni. Kwa hiyo sahani ya bwana kwenye karatasi ni chakula cha bwana pamoja na watu ambao majina yao hayamo. Hapo ndipo umpate yule mvulana wako unayemtafuta.

Wengine hawakula ukumbini bali walichukua posho chumbani, inayoitwa bouche of court: mkate, bia au mvinyo, kuni na mishumaa, kiasi kikifuata cheo. Msimu nao ulihusika, maana kuni na mishumaa ya chumbani ilikuwa ya majira ya baridi. Ukiona mtu ana posho kamili na pia anahesabiwa mezani, umeona udanganyifu uleule ambao kanuni zilitungwa kuuzuia.

Jambo moja la jikoni lenyewe. Nyama ya kubanika haikuwekwa juu ya moto kama watu wanavyochora, iliwekwa mbele yake, pembeni, ikiiva kwa joto linalotoka ubavuni. Mafuta yalidondokea chombo kilichowekwa chini na kuchotwa tena kumwagiliwa nyama. Ikiwekwa juu ya moto, mafuta yanawaka, nje inaungua na ndani mbichi. Kwa hiyo mgeuzaji alikaa kando ya ukuta wa moto kwa saa kadhaa, na kuni zilipaswa ziwe kavu, maana mbichi hutoa moshi na joto hafifu. Ukiona daftari linatenga makaa na kuni, fuata hiyo: makaa yalikwenda kwenye meko madogo ya michuzi na vyakula laini, kuni kwenye majiko makubwa. Na nyama ya kubanika ilikuwa ya wenye cheo. Wengi walipata ya kuchemsha, iliyotoka chumba chake chenyewe chenye sufuria kubwa iliyojengewa.

---

Mtafiti Chipukizi

Nashukuru sana, wakuu. Hesabu ya siku za samaki imebadilisha jedwali langu lote. Nimejumlisha kurasa nilizonakili, na tofauti mbili kati ya tatu zilikuwa x nilizoziruka, kama alivyosema Karani.

Sasa kulala. Orodha ya mali ya Henry VIII ya 1547 ina vipengele karibu 18,000, lakini vyumba vya watumishi ni kama havipo. Nifanyeje?

---

Mpima Vyumba

Orodha ya mali haihesabu watu wala vyumba, inahesabu vitu vyenye thamani vya mwenye mali. Hiyo ya 1547 iliandikwa baada ya kifo cha mfalme ili mrithi ajue alichopata. Godoro la majani la mvulana wa jikoni halikuwa mali ya mfalme, au halikustahili wino. Isitoshe nyumba ya kifalme ilikuwa inahama. Mazulia ya ukutani, vitanda vya fahari na vyombo vya fedha vilifungwa, vikapakiwa mikokoteni, vikaenda kasri jingine. Kasri lililoorodheshwa mfalme akiwa hayupo linaonekana tupu hata kama wiki mbili kabla lilijaa watu hadi ngazini. Ndiyo maana kabla ya kusoma orodha yoyote mimi hutafuta kwanza mwenye nyumba alikuwa wapi siku ile.

Fanya mazoezi kwenye nyumba ndogo kidogo ambayo orodha na jengo vyote vimebaki. Hardwick Hall huko Derbyshire haina mpinzani. Bess wa Hardwick aliijenga kuanzia 1590, akahamia 1597, na orodha ya 1601 iliambatana na wasia wake. Jengo lilisanifiwa na Robert Smythson, na ghorofa zake zinasomeka kama ngazi ya vyeo: chini watumishi na jikoni, katikati familia, juu kabisa vyumba vya kupokelea wageni wa heshima, na dari zinazidi kuwa ndefu jinsi unavyopanda.

Chukua orodha, chukua ramani ya jengo, kisha tembea. Waorodheshaji walikwenda chumba hadi chumba, na mpangilio wa majina ndio njia waliyopita. Chora mstari huo kwenye ramani. Ukivuka ukuta usio na mlango, ama umekosea chumba, ama mlango uliwahi kuwapo na umezibwa. Nenda kaugonge, tazama plasta. Ukiona orodha imeruka chumba kilichopo, usikiite kipya haraka. Chumba kisicho na kitu cha thamani huachwa tu. Na ufahamu mwingine: vilivyopigiliwa ukutani, kama mbao za kuta au jiko la kujengewa, mara nyingi havimo kwa sababu vilihesabika ni sehemu ya nyumba.

Sasa vitanda. Usihesabu vitanda vyenye pazia peke yake. Tafuta vitanda vya chini vinavyosukumwa uvunguni mwa kitanda kikubwa, vitanda vya kukunja, na magodoro yaliyoorodheshwa peke yake bila fremu. Magodoro yaliyozidi fremu ni watu waliolala sakafuni. Mtumishi wa karibu alilala kwenye godoro miguuni pa bwana au nyuma ya mlango wake, kwa sababu kazi yake ilikuwa kuitikia usiku. Chumba cha kulala chenye mlango uliofungwa na mtu mmoja ndani ni fikra yetu ya baadaye.

Na wa jikoni? Hapo rudi kwenye kanuni za Eltham. Zinawapa wapishi wakuu watatu marki 20 kwa mwaka kila mmoja ili wawavalishe wavulana wa jikoni, wasitembee uchi au kwa matambara kama ilivyokuwa desturi, wala wasilale usiku na mchana sakafuni kando ya moto. Piga hesabu: marki 20 ni pauni 13, shilingi 6 na peni 8. Hizo ni fedha nzito, na hakuna anayetoa fedha nzito kukataza jambo lisilokuwapo. Basi kabla ya 1526 walilala hapohapo kwenye majivu. Kwangu mimi mstari huo mmoja una thamani kuliko kurasa mia za mazulia.

---

Fundi wa Majengo ya Kale

Niongeze upande wa ukuta, kwani ndugu ameuliza choo na karatasi hazimsaidii.

Hampton Court palikuwa na choo cha pamoja cha watu wa kawaida wa kasri, kilichoitwa Great House of Easement: viti 28, ghorofa mbili, taka zikishukia kwenye vyumba vya matofali chini. Baada ya watu wa mfalme kukaa wiki nne, vyumba hivyo vilijaa kufikia urefu wa kichwa cha mtu. Wasafishaji waliingia mfalme akishaondoka. Unaona sasa kwa nini kasri lilihamahama? Ufahari na uwindaji ni sehemu ya jibu, lakini nyumba yenye watu wengi hivyo ilihitaji kupumzishwa, na chakula cha jirani kilikuwa kimekwisha. Mfalme mwenyewe alikuwa na kiti chake chenye chungu ndani, na mtumishi wa kukisimamia, Groom of the Stool, alikuwa miongoni mwa watu wenye nguvu kubwa kabisa, kwa kuwa alimfikia mfalme faraghani. Kwa hiyo choo cha mfalme kimo kwenye orodha, velveti yake na misumari yake, na choo cha watu 28 kimo ukutani tu.

Maji safi yaliletwa kwa mabomba ya risasi kutoka chemchemi za Coombe Hill, kama kilomita 5, yakapita chini ya mto Thames. Fuata gharama za mabomba: risasi, lehemu, siku za fundi. Maji hayana risiti lakini fundi bomba anayo. Kwa dobi fanya hivyohivyo. Usitafute kufua, tafuta sabuni, kuni za ziada na kitani kipya kilichonunuliwa kuchukua nafasi ya kilichochakaa. Majivu ya kuni yalichujwa kwa maji kupata magadi ya kulowekea mashuka, nayo yalitoka bure jikoni, ndiyo maana hayaonekani. Na ufuaji ndio mlango mkuu wa wanawake kwenye nyumba ya Tudor. Jikoni na mezani karibu wote walikuwa wanaume.

Ndani ya jengo angalia mambo machache kwa makini. Komeo la mlango liko upande gani? Upande wenye komeo ndio wa mwenye haki ya kuzuia. Ngazi zimelika katikati au pembeni? Ngazi nyembamba iliyolika sana nyuma ya chumba cha kifahari ni njia ya maji ya moto, kuni na vyungu. Masizi kwenye mbao za paa yanaonyesha moto ulikuwa katikati ya ukumbi kabla ya bomba la moshi kujengwa. Boriti ikiwa bado na ukingo wa gome, pete zake zinaweza kutoa mwaka mti ulipokatwa. Bila gome unapata tu mwaka ambao haukukatwa kabla yake, na watu huuandika kana kwamba ndio mwaka wa ujenzi. Rangi nayo: kipande kidogo kikiangaliwa ubavuni kwa darubini huonyesha tabaka zote, lakini chukua kwenye kona iliyofichika, kwa sababu katikati ya ukuta mafundi walikwangua kabla ya kupaka upya.

Kuhusu ngazi za nyuma, kuna mpaka wa wakati. Msanifu Roger Pratt alipojenga nyumba ya Coleshill miaka ya 1650 aliweka korido katikati na ngazi za watumishi kwenye ncha zote mbili, ili mtumishi na chungu chake wasikutane na mgeni. Nyumba hiyo iliungua 1952, lakini michoro na picha zipo. Kabla ya mpango wa aina hiyo, mtumishi na bwana walipishana mchana kutwa. Ukiandika karne ya 16 ukiwa na picha ya watumishi waliofichwa ghorofa ya chini na kengele za kuwaitia, umeleta karne ya 18 na 19 mahali pasipo pake.

---

Mlinzi wa Mishumaa

Nakubaliana na wengi hapo juu ila nina angalizo moja kwa Mpima Vyumba. Kanuni inathibitisha tabia iliyokuwapo kabla yake, haithibitishi kwamba tabia ilikoma. Usiandike kwamba baada ya 1526 wavulana walivaa na kulala vizuri. Tafuta kama katazo linarudi kwenye kanuni za baadaye. Katazo linalorudiwa ni kanuni isiyotiiwa. Vilevile Eltham ilijaribu kupunguza watumishi wa watumishi, yaani watu walioletwa na wakubwa bila kuandikwa kwenye orodha ya nyumba. Hao ndio wanaovuruga kila idadi unayoigawia bia.

Mishumaa itakusaidia kuliko unavyodhani, kwa sababu inaonyesha nani alikaa macho. Kulikuwa na ya nta ya nyuki, safi na ya gharama kubwa, na ya mafuta ya wanyama, inayonuka na inayotaka utambi ukatwe kila baada ya muda mfupi la sivyo inafuka moshi na kulia machozi ya mafuta. Daftari likitaja nta kwa chumba fulani, hapo palikuwa na mtu wa heshima au ibada. Vipande vilivyobaki vilikuwa haki ya ofisi fulani, na haki hiyo ilikuwa sehemu ya kipato, sawa na mafuta yaliyodondoka na ngozi kwa watu wa jikoni. Ukilinganisha mishahara bila haki hizi utamdharau mtu aliyeishi vizuri kumbe.

Kwa baridi, usitegemee karatasi za kuni peke yake. Kwenye kasri la Versailles huko Ufaransa, Februari 1695, shemeji yake mfalme Louis XIV aliandika kwamba mvinyo na maji viliganda kwenye bilauri mezani kwa mfalme. Hakuna daftari la kuni litakalokuambia hivyo. Daftari litakuambia kuni nyingi zilichomwa, nawe utaandika chumba kilikuwa na joto.

Na kama unataka nyuso za watumishi, nenda Kensington Palace ukatazame ngazi ya mfalme iliyopakwa na William Kent miaka ya 1720. Waliochorwa wakiegemea ukingo ni watu wa nyumba ya George I, wakiwamo Mohammed na Mustapha, watumishi wake wa chumbani kutoka milki ya Uturuki. Ni nadra mno kupata daftari la mishahara na sura ya mtu yuleyule.

---

Mpima Vyumba

Angalizo limepokelewa, sentensi yangu ya kabla ya 1526 ibaki hivyo hivyo bila kuvuka mbele.

Kuhusu baridi, orodha ya Hardwick ina kitu hichohicho, ila lazima usome taratibu. Nyumba ile ilisifika kwa madirisha kuliko kuta. Kwenye chumba cha kulala cha Bess, aliyekuwa mzee na tajiri kuliko karibu wanawake wote wa nchi baada ya malkia, wameorodhesha mablanketi ambayo hayako kitandani. Yameandikwa kuwa ni ya kutundika mbele ya madirisha, na moja mbele ya mlango. Ndugu Chipukizi, unapojaza jedwali lako, safu ya "blanketi" isiwe na idadi tu. Andika na mahali lilipokuwa.